Sababu ya Mgeni Aliyelala

Mwanangu Skola,

Barua za zamani zilianza kwa kuuliza hali. Mimi hali yako naijua. Mchana huu umekula ugali wa muhogo sahani mbili, maharage umekomba mpaka sufuria ikalia, na sasa uko kanisani unaagana na wanakwaya wenzako. Sauti yako naisikia mpaka hapa barazani. Ukiimba wewe, hata walioko Munanila wanajua huyo ni mtoto wa nani. Kwa hiyo salamu tuziruke. Jua bado liko juu ya migomba, kalamu ninayo, na daftari nimelichana katikati ili karatasi zitoke mbilimbili.

Mwandiko usiucheke. Katika darasa la watu wazima mimi nilikuwa wa kwanza, mwalimu akanipigia makofi mbele ya watu. Ni kweli tulikuwa watatu, na mmoja wetu macho yalikuwa hayaoni vizuri. Lakini wa kwanza ni wa kwanza.

Mama yako amepita hapa sasa hivi na ungo wake, akasimama.

"Wewe mzee, hiyo barua unaandika au unalima? Mbona jasho?"

"Niache, Melania."

"Nakuacha. Lakini ukiimaliza bila lile neno, mimi nitamwambia mwenyewe. Na unanijua, nikisimulia sipunguzi."

Basi umeshaona kuna neno. Nitalifikia. Mimi sijawahi kushindwa kupanda mti, ila mti mwingine unauzunguka kwanza.

Mambo ya kufunga sanduku, ya kutokaa karibu na mlango wa basi, ya kutokula vya kupewa na usiyemjua, mama yako amekwambia mara tatu, na ya nne utaisikia kesho stendi ya Kasulu. Mimi siyarudii. Yangu ni mengine.

Huko Mwanza watu wana ziwa, wana mawe yao makubwa wanayojivunia, lakini hawajawahi kutembelewa na mgeni. Ukiwaambia kwamba kwetu vipande vya nchi vinapita angani, watakucheka. Usigombane nao, waeleze taratibu kama nilivyokueleza ulipokuwa mdogo. Waambie masika yakishika, milima ya upande wa Munanila inayopakana na Burundi inavuta ukungu mpaka inalewa. Ardhi inavimba kama unga wa mandazi. Inapasuka pembezoni, na asubuhi moja kipande kinajinyanyua na nyasi zake, na miti yake, na vyura wake wanaoendelea kulia kama vile hawajaambiwa kitu. Kinapita juu yetu Titye kwa mwendo wa ng'ombe aliyeshiba, mizizi inaning'inia chini, maji yanadondoka. Kinakwenda Busunzu, kinapita Kibondo, halafu kinapinda na kushuka kwenye mabwawa ya Malagarasi, polepole, kama mtu mzima anavyokaa kwenye kiti. Watu wa serikali wanaandika "kisiwa cha angani". Sisi tunasema mgeni, na tunamtolea kigoda uani akae, ingawa hajakaa hata siku moja.

Unakumbuka mwalimu wa hesabu aliyeletwa kutoka Pwani? Kivuli cha mgeni wa kwanza kilipofunika shule, aliingia chini ya meza na chaki yake mkononi. Ninyi watoto mkabaki mmesimama mnamsalimu kwa Kiha, "Mwakeye, mgeni", na yeye kule chini anasali. Nilikuja kumtoa mimi. Nilimwambia, "Mwalimu, toka, huyu anapita tu, hata shule hajui kama ipo." Wiki iliyofuata alikuwa juu ya mizizi na mimi, anachuma uyoga. Kila mtu anazoea.

Na wale vijana wa serikali waliokuja na vyombo vyao vya miguu mitatu! Huwa unapenda niisimulie hiyo, ngoja niiandike ili ubaki nayo. Yule mwenye kofia akanisalimia vizuri, shikamoo mzee, marahaba, halafu akasema, "Mzee, tumekuja kuchukua data."

Nikamwambia, "Data yupi? Hapa data ni mimi peke yangu, na bado sijafa. Mnanipeleka wapi?"

Akanitazama. Wewe ulikuwa umekaa kwenye kigoda mlangoni, ukaanguka kwa kicheko. Ukamfafanulia kwamba kwa Kiha data ni baba, kwamba hicho anachotaka yeye unacho wewe, na ukamletea daftari. Yule kijana alilifungua akiwa amesimama, akaendelea kulisoma akiwa amekaa. Mtoto wa darasa la saba, kila mgeni aliyepita tangu ajue kuandika ameandikwa humo: kivuli kimeanzia kijiti kipi, kimefika kijiti kipi kengele ya kanisa ilipolia, maji yamedondoka matone mangapi kwenye kopo. Akaniuliza nani alikufundisha. Nikasema mimi. Mungu anisamehe, mimi nilichokufundisha ni kuchonga vijiti.

Sasa lile neno.

Juzi ulipokwenda kisimani nilichukua daftari lako jipya, lile unalokwenda nalo chuoni. Nilitaka nione kama jina langu limo. Nilisoma kwa kidole, polepole, mama yako akadhani nimesinzia. Nikafika ukurasa wenye mchoro wa kile kilima kilicho chini ya shamba letu, tunachokiita Mgeni Aliyelala. Umeandika kwamba wageni wote uliowahesabu wameshuka Malagarasi, huyu peke yake aliangukia Titye. Umeandika kwamba huenda jiwe lake, lile la chini linaloshika udongo, lilikuwa bovu, na huenda wageni wa aina yake wapo wengine, na watu wa bonde wahamishwe. Halafu chini kabisa, kwa ile herufi yako nzuri: Sababu, haijulikani.

Skola, inajulikana. Naijua mimi.

Unajua kwa nini watu wananiita Kamba. Kuanzia Munanila mpaka Kibondo hakuna mtu aliyesokota kamba ya magome ya miyombo kama mimi, na aliyeko ajitokeze. Kamba yangu ilikuwa inabeba mizinga minne kwa mkupuo. Na fundo langu la mara tatu hakuna aliyeliweza. Jirani yetu Zebedayo alijaribu kujifunza masika mazima, akaishia kufunga kidole chake mwenyewe, tukamfungua kwa kisu huku mkewe anacheka.

Zebedayo humjui. Nyumba yake ilikuwa pale chini, mahali kilima kilipo sasa. Tulikuwa tunapanda wageni pamoja. Mimi nilikuwa hodari kwa mikono, yeye kwa masikio. Anaweka sikio kwenye mzizi anasema, "Huyu amechoka, tusimpande," na kweli mchana unaona mgeni anashuka chini ya vilele kuelekea Malagarasi. Alikuwa na utani wa kuudhi. Nikijisifu ananiambia, "Jirani, umesema kweli, ila punguza nusu tuibebe."

Nawe unajua sheria ya mizinga, lakini vijana mnaisema kama wimbo tu, hamjui uzito wake. Aliyetundika harini. Watu wa Munanila wanatundika mizinga yao kwenye miti ya mgeni akiwa kwao, nyuki wanaingia njiani, na sisi Titye tunarina. Sisi tunatundika, Busunzu wanarina. Busunzu wanatundika, wa Kibondo wanarina. Unakula asali ya mtu usiyemjua, na usiyemjua anakula ya kwako. Hivyo ndivyo ilivyokuwa tangu babu wa babu yangu.

Mwaka ule mama yako alikuwa na mimba yako ya miezi saba. Akaja mgeni ambaye sijaona mfano wake tena. Alikuwa mkubwa kuliko mnada wa Kasulu, amejaa miti yenye maua mpaka chini tunasikia harufu. Akasimama juu ya shamba langu. Siku nzima hakusogea, upepo ulikuwa umelala. Nilipanda na kutundika mizinga ishirini, mipya, niliyoitengeneza kiangazi chote. Nyuki wakaingia siku hiyohiyo, Skola! Sijawahi kuona. Nilikaa juu kwenye tawi nikitazama mizinga yangu inavuma, na nikawaza: hii yote anakwenda kula mtu wa Busunzu. Mtu ambaye hata mzinga mmoja hajui kuuchonga vizuri.

Hapo ndipo nilipoharibika. Sikuwa na njaa, usije ukawaambia watu data alikuwa na njaa. Nilitaka watu waone asali ya Kamba inatoka kwenye mizinga ya Kamba. Basi.

Asubuhi ya pili, ukungu umeshika hata mkono wako huuoni, nilichukua kamba zangu zote tatu nikazisokota kuwa moja. Juu nikafunga kwenye mzizi mkuu kwa fundo langu. Chini nikafunga kwenye kisiki cha mninga kule korongoni. Katikati ya ile mizizi inayoning'inia, nani angeijua kamba?

Upepo ukarudi, mgeni akabaki. Watu walishangaa. "Mgeni kapenda kwa Kamba!" Nikatembea kifua mbele. Nilisema, na nakumbuka maneno yangu kwa sababu mama yako hakuacha kunikumbusha, "Hata mgeni anajua nyumba yenye heshima."

Siku ya tano tangu nimfunge, Zebedayo akaja, akakaa kwenye kigoda.

"Jirani, maji yake hayadondoki sawasawa."

"Amezoea hapa. Ametulia."

"Mgeni hakai kwa sababu ametulia. Wageni wanakunywa ukungu, na ukungu wa mahali pamoja unakwisha. Mbona hatembei na upepo upo?"

"Wewe una wivu, Zebedayo. Kama ni mgeni wako ungesema hivyo?"

Akacheka. Akasema, "Ni kweli nina wivu. Lakini masikio yangu hayana."

Kamba ilikuwa hatua mia moja kutoka tulipokaa. Kisu kilikuwa kiunoni kwangu. Nimekirudia kile kikao mara nyingi kuliko nilivyorudia kusema rozari, na kila mara naamka, nakwenda korongoni, nakata. Siku ile sikuamka. Nilimmiminia pombe ya ndizi.

Siku ya saba matone yakakoma. Siku ya nane majani ya miti yake yakajikunja, nyuki wakatoka kwa mikupuo wakaenda zao, mizinga yangu yote ishirini ikabaki mitupu. Nikasema kesho nitamfungua. Siku ya tisa, watu wakiwa mashambani, akashuka. Siyo kama anavyoshuka mtu kwenye kiti. Kwanza kamba ilikatika kwa mlio kama wa bunduki, halafu akainamia upande mmoja, akateleza kwenye bonde, akakaa juu ya nyumba ya Zebedayo, na migomba yake, na mbuzi wake sita. Zebedayo na mkewe walikuwa wamekuja kupalilia maharage kwetu, kwa sababu mama yako alikuwa haoni miguu yake kwa tumbo. Wewe uliwaokoa kabla hujazaliwa. Vinginevyo leo nisingekuwa na mkono wa kuandika.

Tulikimbia sote kushuka. Kule ukingoni mwa tope mzizi mkuu ulikuwa umechomoza, na juu yake kipande cha kamba, na kwenye kamba fundo la mara tatu. Nililiona. Zebedayo naye akaliona. Watu walikuwa wanakuja nyuma yetu na majembe wanapiga kelele. Alinitazama, Skola. Akasogea, akaweka mguu wake juu ya lile fundo, akalikanyaga mpaka likazama. Akasimama hapohapo mpaka watu walipoondoka.

Kijiji kikakaa kikao. Hata bila mtu kusema, maneno yalikuwa yameshaiva: mgeni haangukii mtu bure, Zebedayo ana roho mbaya, kuna jambo amelifanya. Mwenyekiti wa wakati ule akaniinua.

"Kamba, mmepakana naye. Uliona nini?"

Nikasema, "Sikuona kitu. Ukungu ulikuwa mzito."

Maneno matano. Wewe unapenda kuhesabu, yahesabu. Nilikuwa mtu wa kusema maneno elfu kwa siku kuhusu kamba zangu, na siku ile nikasema matano.

Hawakumpiga. Waliacha tu kumsalimu. Watoto waliambiwa wasipite kwake, ingawa kwake hapakuwa tena na mahali pa kupita. Wiki tatu baadaye akafunga mzigo kwenda Busunzu, mkewe ana ndugu huko. Nilimsindikiza mpaka barabarani, maana kutomsindikiza kungeonekana. Nikafungua mdomo. Akanikatiza kabla neno halijatoka.

"Mke wako ana mimba, jirani. Watoto wangu wamekua. Mimi naweza kuhama."

Halafu akanipa kigoda chake, kile cha miguu mitatu chenye ufa. Akasema, "Mgeni akija, nitolee na changu. Huko niendako nitakuwa mgeni mwenyewe, sijui kama nitapewa cha kukalia."

Ndicho kigoda ulichokalia ukihesabu vivuli miaka yote. Uliwahi kuniuliza, una miaka sita hivi, "Data, mbona wenzetu wanatoa kigoda kimoja na sisi viwili?" Nikakujibu kwamba mimi ni mtu mkubwa, wageni wangu wanakuja wawili. Ukaamini. Ukaenda kuwatangazia watoto wenzako.

Siku moja ulirudi kutoka sekondari, sikumbuki ulikuwa kidato gani, nikakusimulia jinsi nilivyomtoa chui kwenye mti, ukacheka ukasema, "Ah, Data, hiyo kamba!" Nilisimama kama nimemwagiwa maji. Nikadhani umejua. Baadaye ukanieleza kwamba vijana wa siku hizi mnaita uongo kamba. Sijui aliyeanzisha neno hilo alinijua vipi.

Usifikiri nilikaa bila kufanya kitu. Mimi ni mbishi lakini siyo jiwe. Tangu mwaka ule, kila mgeni anayepita hapa nimemtundikia mzinga bora kuliko yote niliyonayo, nimeuchonga alama yangu ya fundo, nikiomba ufike Busunzu na arine Zebedayo. Niliwaza, asali itasema. Miaka ishirini nimeituma asali iseme. Na nilijisifu moyoni kwamba nimelipa.

Masika haya, pale sokoni Kasulu, kwenye duka la yule Mswahili anayeniuzia misumari, nilimkuta kijana wa Busunzu ananunua turubai. Nikamuuliza kama anamfahamu Zebedayo. Akasema nani asiyemjua, ndiye anayesikiliza wageni kwa sikio, hakuna anayepanda bila kumuuliza. Nikafurahi. Nikauliza kama mizinga ya Titye inafika.

"Inafika, mzee. Ila kuna mizinga yenye alama ya fundo, hiyo haturini. Mzee Zebedayo amekataza."

"Kwa nini amekataza?"

"Hasemi. Anasema tu, mwenyewe atakuja."

Muuza duka akanipa kiti, akadhani ni sukari imeshuka.

Mwenyewe atakuja. Skola, mtu huyo amekaa miaka yote hiyo hajanitaja kwa mtu, wala hajaonja asali yangu.

Na lingine niliseme hapohapo, kalamu ikiwa bado inatembea. Mwaka jana, ulipoitwa chuoni kwa mara ya kwanza, niliwaambia wewe na mwalimu mkuu kwamba goti la mama yako limekuwa baya, huwezi kuondoka. Goti la mama yako halikuwa na kitu. Mama yako alinitazama kama alivyonitazama Zebedayo, na hakusema, kwa sababu naye alitaka ubaki. Wewe ulifungua sanduku ukarudisha nguo kwenye kamba ukutani, moja moja, bila kununa. Mwezi mzima hukuimba. Wakati ule nilijiambia ni upendo. Labda ni upendo. Hata yule mgeni nilimpenda.

Sikuambii haya ili unisamehe. Ukisamehe vizuri, usiposamehe pia nitaelewa, ingawa nitanuna, unanijua. Nakuambia kwa sababu kesho unakwenda na daftari lenye ukurasa wa uongo, na uongo huo ni wangu. Utasimama mbele ya walimu wako useme jiwe lake lilikuwa bovu, wakuamini, kwa sababu wewe huandiki usichokipima. Watu wa bonde watahamishwa kwa sababu ya jiwe ambalo halikuwa na kosa. Zebedayo alihamishwa hivyohivyo.

Mimi watu wanilaumu kwa makosa yangu, wala si mengi. Kupanda nilipanda vizuri. Kusokota nilisokota vizuri. Fundo langu ndilo lililokuwa zuri mno.

Mwanzo niliwaza nikupe wewe salamu za kumpelekea Zebedayo, kwa kuwa basi linapita Busunzu. Nimeandika na kuukata mstari huo, utauona hapo juu nilipochafua karatasi. Nimekwishamtumia nyuki, mizinga, upepo na wageni. Sitamtumia na mtoto.

Kwa hiyo kesho asubuhi usishangae ukiniona nimevaa koti la harusi. Nimekata tiketi mbili, yako ya Mwanza, yangu inaishia Busunzu. Nitakaa dirishani, kwa sababu mimi ni mkubwa. Ukiniona nimepakata kigoda chenye ufa, usiniulize kitu mbele ya abiria, na usilie, maana ukilia nitasahau maneno. Ninayo matano tu, nimeyarudia tangu juzi nisije nikayapamba: nilimfunga mgeni kwa kamba yangu. Nikishamwambia yeye, nitarudi niwaambie Titye kwenye kikao, hata kama waliobaki wa siku zile ni wachache na wengine hawasikii. Nitapaza sauti. Sauti unajua uliipata wapi.

Mimi nikishuka, wewe usishuke. Dereva hangoji mambo ya wazee. Endelea na safari yako, na ukiweza tazama nyuma mara moja, uone kama nimepewa cha kukalia au nimekalia nilichobeba.

Halafu, ukifika huko, lifungue daftari kwenye ule ukurasa. Futa "haijulikani". Andika alifungwa kamba siku nane, akaishiwa ukungu, ya tisa akaanguka. Na jina la aliyemfunga uliandike lote, usiweke herufi ya kwanza peke yake. Walimu watakuuliza data hiyo umeitoa wapi.

Waambie umeitoa kwa data.